Tamthilia, filamu au riwaya ya mfululizo: mwandishi wa taharuki Dar es Salaam ashike njia ipi?

Mtu ana hadithi ya taharuki iliyomkaa kichwani. Ameshaandika kurasa kadhaa, marafiki wamezisoma wakamwambia asiache. Sasa anataka iwe kazi. Prodyuza mmoja wa Sinza anamwambia aigeuze tamthilia, rafiki mwenye kamera anataka filamu, na wasomaji wake wa kundi la WhatsApp wanadai sehemu inayofuata leo usiku. Nguvu alizonazo zinatosha njia moja kwa sasa, maana asubuhi kuna kazi nyingine inayolipa kodi ya chumba.

Nimesoma na kuhariri skripti za watu waliofika hapo, na naona wengi wanachagua kwa kuangalia wapi jina litaonekana haraka. Hilo lina uzito wake. Lakini kwa mwandishi wa taharuki kuna jambo linalotangulia, nalo ni aina ya siri anayoweza kuitunza. Yupo anayeweza kubeba siri ishirini ndogondogo mwaka mzima bila kuzichanganya. Yupo anayebeba moja nzito kwa dakika tisini. Na yupo ambaye siri zake zote zinaishi ndani ya fikra za mhusika, ukizitoa kwenye picha zinapoteza nguvu. Hawa watatu ni waandishi tofauti, hata kama wote wanapenda hadithi za mauaji na upelelezi.

Tutakachopima

Njia ni tatu: tamthilia ya televisheni, filamu ndefu, na riwaya ya mfululizo inayosomwa kwenye simu au gazetini. Nitazipima kwa mambo yale yale. Kwanza, taharuki yenyewe inajengwaje huko. Pili, kasi ya kazi na maisha ya kila siku. Tatu, fedha inaingiaje na inachelewa wapi. Nne, hadithi inabaki kuwa ya nani. Tano, vibali na mambo yaliyo nje ya uwezo wako. Sita, mlango wa kuingilia kwa asiyejulikana.

Ili maelezo yasielee hewani, tupitishe hadithi moja katika njia zote. Rehema ni wakala wa fedha za simu Manzese. Jioni moja kijana asiyemfahamu anatoa shilingi 300,000. Ujumbe wa muamala unaingia kwenye simu ya Rehema ukiwa na jina la mwenye laini, na jina hilo ni la kaka yake, majina yote matatu, ambaye familia ilimzika Handeni mwaka uliopita. Baadaye anagundua kuwa laini ilisajiliwa baada ya mazishi. Tangu usajili wa alama za vidole ulipoanza mwaka 2019, na laini ambazo hazikusajiliwa zikaanza kuzimwa Januari 2020, kila mkazi wa Dar anaelewa uzito wa jambo hilo: kuna kidole kiliwekwa mahali, na ni cha mtu aliye hai.

Taharuki inavyojengwa

Kwenye tamthilia, swali la "kaka yuko hai au la" haliwezi kusimama peke yake. Ukilificha kwa vipindi ishirini na sita bila kutoa kitu, watazamaji watahama chaneli, na watakuwa na haki. Unahitaji siri za umri tofauti: moja inayofichuka ndani ya episodi hiyo hiyo, nyingine inayoishi wiki mbili, nyingine inayovuka msimu. Siri inahama kutoka mtu hadi mtu. Leo anajua Rehema peke yake. Wiki ijayo wifi yake anaona ule ujumbe. Mwezi ujao tunagundua mama mzazi alijua tangu siku ya mazishi, na kila jioni amekuwa akikaa nao kwenye mkeka mmoja. Mara nyingi mtazamaji anajua zaidi ya wahusika, na raha yake ni kuwaona wakila sahani moja huku mmoja wao akidanganya.

Kuna jambo la Dar ambalo vitabu vya mafunzo kutoka nje havikusaidii. Tamthilia ya hapa inatazamwa na nyumba nzima, na nusu ya nyumba hiyo inasikiliza tu. Mama yuko jikoni, kijana ameshika simu, umeme unakatika na kurudi katikati ya kipindi. Kwa hiyo mazungumzo yanabeba mzigo mkubwa, na jambo muhimu husemwa zaidi ya mara moja, kwa vinywa tofauti, bila kuonekana kuwa limerudiwa. Kulifanya hilo kwa ustadi ni kazi ngumu kuliko wanavyodhani wanaoibeza tamthilia.

Filamu inataka swali moja. Hadithi ya Rehema ingebanwa ndani ya usiku mmoja: kibanda kinafungwa saa tatu, kesho asubuhi familia inasafiri kwenda Handeni kwa dua ya kumaliza mwaka wa msiba, na kabla ya alfajiri lazima ajue alichokizika. Hapa picha ndiyo inayosema. Unaweza kumwacha Rehema dakika nzima akitazama kioo cha simu bila neno, na ukumbi ukakaa kimya naye. Unaweza kuonyesha bandeji kwenye kidole gumba cha mtu katika dakika ya kumi na usiiguse tena mpaka dakika ya themanini. Kwenye tamthilia, mtazamaji wa jikoni asingeiona bandeji hiyo.

Filamu zetu zina tabia moja ya kizamani ambayo mwandishi mpya anapaswa kuifahamu. Enzi za DVD, filamu nyingi za Bongo ziliuzwa kwa sehemu ya kwanza na ya pili, diski mbili, bei mara mbili. Waandishi wakazoea kuivuta hadithi ifike kwenye mkato wa katikati, kisha kuivuta tena ifike mwisho. Soko lile limekwisha, lakini mazoea yake bado nayaona kwenye skripti za leo: katikati kunavimba, mwisho unakimbia. Kama unaandika filamu sasa, andika kitu kimoja chenye pumzi moja.

Riwaya ya mfululizo ina kitu ambacho kamera haina, yaani mashaka ya ndani. Rehema anaweza kumsimulia msomaji mwenyewe, na msomaji akafika sehemu ya kumi na nne ndipo atambue kuwa kuna siku moja ambayo Rehema amekuwa akiiruka kila anapoeleza habari za mazishi. Huwezi kupiga picha ya jambo ambalo mtu analikwepa akilini mwake. Kwenye maandishi ni sentensi mbili. Halafu kuna ule mkato wa mwisho wa sehemu, ambao wasomaji wetu wanaulalamikia kwa mapenzi: "umekatia patamu", "unatuacha na arosto". Uwezo huo wa kukata ni silaha, na ndio mtego wa njia hii pia. Mwandishi anaanza kuandika kwa ajili ya mkato, sehemu baada ya sehemu, mpaka anafika ya arobaini akiwa na maswali kumi na jibu moja. Wasomaji nao wanabahatisha hadharani. Akitokea mmoja aliyeotea mwisho wako sehemu ya ishirini, utashawishika kuubadilisha, na mara nyingi mwisho uliobadilishwa kwa hofu unakuwa dhaifu kuliko ule alioutabiri.

Kasi na maisha ya kila siku

Hesabu ya skripti inajulikana: ukurasa mmoja uliopangwa vizuri unakaribia dakika moja ya picha. Episodi ya nusu saa, ukitoa matangazo, ni kurasa ishirini na kitu. Tamthilia inayorushwa mara tatu kwa wiki inakula kurasa sabini hivi kila wiki, na haijali kama umelazwa na malaria. Ndiyo maana haiandikwi na mtu mmoja. Kuna mwandishi mkuu anayeshika dira ya msimu, waandishi wanaogawana episodi, na mtu wa kutunza kumbukumbu: nani ana makovu, nani alimwambia nani nini, simu ya nani ilipotea episodi ya tisa. Kwa taharuki, mtu huyo wa kumbukumbu ni nguzo. Kosa moja la nani anajua nini linaua msimu mzima. Kama unapenda kufanya kazi na watu, kubishana mezani, na kukubali wazo lako bora apewe mhusika usiyempenda, utafurahi huko. Kama unaumia mstari wako ukibadilishwa siku ya kurekodi kwa sababu mwigizaji amechelewa kwenye foleni ya Ubungo, utateseka.

Filamu ni kazi ya miezi. Rasimu ya kwanza, ya pili, ya tano, kisha kusubiri fedha. Wakati wa kusubiri unaweza kuwa mrefu kuliko wa kuandika, na huna pa kuupeleka mchecheto wako ila kwenye hadithi nyingine.

Riwaya ya mfululizo inakwenda kwa mwendo wako, lakini usidhani ni huru. Ukiwaahidi watu Jumatatu na Alhamisi, basi ni Jumatatu na Alhamisi. Wasomaji wanavumilia hadithi ya wastani inayofika kwa wakati. Hadithi nzuri isiyotabirika wanaiacha. Nashauri usianze kuchapisha kabla hujawa na theluthi moja ya hadithi mkononi na ukurasa mmoja unaoeleza mwisho.

Fedha

Tamthilia inalipa kwa episodi au kwa mwezi. Chaneli inailipa kampuni ya utayarishaji, kampuni inakulipa wewe, na ucheleweshaji wa juu unateremka mpaka kwako. Hata hivyo ndiyo njia inayokaribia zaidi mshahara, muda wote tamthilia ikiwa hewani. Msimu usipoongezwa, kipato kinakatika siku moja. Wanunuzi wakubwa pia si wengi. Televisheni binafsi za Bara zilianza mwaka 1994 na ya taifa mwaka 2000, lakini soko la tamthilia za kulipwa vizuri limekuzwa zaidi na televisheni za kulipia, Azam TV iliyoanza 2013 na chaneli ya Maisha Magic Bongo ya MultiChoice iliyofuata. Mwaka 2025 kampuni ya Ufaransa ya Canal+ ilikamilisha ununuzi wa MultiChoice. Mwandishi wa Kijitonyama anaweza kuona hayo ni mambo ya wakubwa, lakini bajeti ya episodi yake huenda ikaamuliwa kwenye meza zilizo mbali sana na Dar.

Filamu inalipa kwa mkupuo, na mkupuo huo hugawanywa: kiasi wakati wa kusaini, kiasi ukikabidhi rasimu, kilichobaki siku upigaji picha unapoanza. Huo ndio mpangilio mzuri. Mpangilio mbaya, nao umeenea, ni ule unaoahidi kilichobaki "filamu ikiuzwa". Neno "ikiuzwa" halina tarehe. Soko la diski lilipodhoofishwa na kunakili, likamalizwa na simu, filamu sasa zinatafuta fedha kwa kuuza haki za kurushwa kwenye televisheni, majukwaa ya mtandaoni, kumbi chache kama za Mlimani City, na matamasha. Njia hizo zipo kweli, lakini hakuna hata moja inayofika haraka. Usikubali chakula chako kitegemee mwisho wa safari hiyo.

Riwaya inalipa kidogo kidogo kwa simu. Mfumo uliozoeleka ni sehemu za mwanzo bure, kisha msomaji analipia kiasi kidogo apate zilizobaki au kitabu kizima. Fedha inaingia leo, haipiti kwa prodyuza, na inategemea kabisa ukubwa wa wasomaji ulionao. Adui ni kusambazwa: mtu mmoja ananunua, watu mia wanasoma. Ukifika kwenye muswada uliokamilika na kuhaririwa, kuna tuzo za kujaribu. Tuzo ya Taifa ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu, inayosimamiwa na Taasisi ya Elimu Tanzania na iliyoanza kutolewa 2023, ina kipengele cha riwaya. Ipo pia Tuzo ya Safal ya Fasihi ya Kiswahili ya Afrika, iliyoanzishwa 2014 kwa jina la Mabati-Cornell. Tuzo si mshahara, lakini milango inafunguka kwa jina lililowahi kuorodheshwa.

Kwa njia zote, pata namba ya mlipa kodi mapema na uliza kama kiasi mnachokubaliana ni kabla au baada ya kodi ya zuio, ile anayoikata mlipaji kabla ya kukupa fedha. Swali hilo dogo limeokoa urafiki wa watu wengi.

Hadithi inabaki kuwa ya nani

Hapa nataka tukae kidogo, kwa sababu ndipo waandishi wa Dar wanapoumizwa zaidi, na wanaumizwa bila sababu.

Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya 1999 inakulinda tangu unapoandika, na ulinzi wenyewe unadumu maisha yako yote na miaka 50 baada ya kufa. Lakini sheria hailindi wazo. Ukikaa kwenye meza ya mgahawa ukasimulia habari ya wakala aliyepokea muamala wa marehemu, na mtu akaenda kuandika ya kwake, huna madai yenye nguvu. Ukiwa umeandika muhtasari wa kurasa nne wenye wahusika, matukio na mwisho, unacho cha kushika. Kwa hiyo kabla ya kikao chochote, andika muhtasari, utume kwa barua pepe kwa huyo unayekwenda kukutana naye, upate tarehe. Kazi ikiwa kubwa, isajili Ofisi ya Hakimiliki Tanzania, COSOTA, ili uwe na ushahidi wa maandishi.

Kwenye tamthilia, mkataba wa kawaida unaipa kampuni haki zote. Wahusika si wako hata kama wewe ndiye uliyewapa majina. Hilo si dhuluma lenyewe kwa lenyewe, kwa sababu kazi ni ya pamoja na kampuni imebeba hatari ya fedha. Unachopaswa kukipigania ni jina lako kwenye orodha ya mwanzo, kiasi kitakacholipwa kipindi kikirushwa tena au kikiuzwa nchi nyingine, na kipengele kinachosema nini kinatokea ukiondoka. Na kama wazo la tamthilia nzima ni lako, hilo liandikwe peke yake, kwa malipo yake, tofauti na malipo ya kuandika episodi. Wengi wanayachanganya hayo mawili, na wanapoteza lile kubwa.

Kwenye filamu una nafasi pana zaidi ya kujadiliana. Badala ya kuuza skripti moja kwa moja, unaweza kumpa prodyuza haki ya kuitengeneza kwa muda maalumu, tuseme miezi 18, kwa malipo madogo ya kuanzia. Asipopiga picha ndani ya muda huo, skripti inarudi kwako na malipo yale yanabaki kwako. Kuna skripti nzuri zimefungiwa kwenye kabati za watu kwa miaka kwa kukosa sentensi hiyo moja. Weka pia idadi ya marekebisho yaliyomo kwenye malipo. Vinginevyo utaandika rasimu ya tisa bure.

Riwaya ni yako yote, pamoja na haki ya kuigeuza filamu. Faida hiyo inaweza kuchelewa sana na bado ikawa faida: Vuta N'kuvute ya Adam Shafi ilitoka kama riwaya mwaka 1999, na filamu iliyotokana nayo, ikiongozwa na Amil Shivji, ikaonyeshwa kwenye tamasha la Toronto mwaka 2021. Angalia tu usizitoe haki hizo kwa mchapishaji kwa kusaini mkataba usiousoma. Mchapishaji anahitaji haki ya kuchapisha. Haki ya picha ibakize mkononi mwako.

Vibali na mambo yaliyo nje ya uwezo wako

Mwandishi wa mapenzi anaweza kuishi miaka bila kufikiria vibali. Wa taharuki hawezi. Hadithi zake zina polisi, hospitali, mahakama, bandari, maiti na silaha.

Filamu na tamthilia zote mbili ziko chini ya Bodi ya Filamu, kwa msingi wa Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza Na. 4 ya 1976. Skripti inawasilishwa wakati wa kuomba kibali cha kupiga picha, na kazi iliyokamilika inakaguliwa na kupangiwa umri wa watazamaji. Sare za polisi au jeshi zinataka ruhusa yake. Kivuko cha Magogoni, bandari, uwanja wa ndege, kila mahali pana mwenye mamlaka. Kwenye filamu una miezi ya kuomba ruhusa moja. Kwenye tamthilia huna, na chaneli nayo ina mhariri wake anayekumbuka kuwa watoto wako sebuleni. Kwa hiyo mwandishi wa tamthilia anajifunza kuandika kituo cha polisi bila kuingia kituoni: Rehema ameketi kwenye benchi la nje, anasubiri kuitwa, na kila anayetoka anamtazama. Nakwambia kweli, benchi hilo mara nyingi lina taharuki kuliko chumba cha mahojiano.

Riwaya haidaiwi kibali cha kupiga picha. Unachoma ghala la Kurasini kwa sentensi moja, bila gharama. Lakini usitumie jina au sura ya mtu halisi anayeweza kutambulika, maana sheria za kashfa zinagusa maandishi, na Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 inagusa unachosambaza kwa simu.

Mlango wa kuingilia

Riwaya haina mlinzi mlangoni, unaanza leo. Jiji hili lina wasomaji wa upelelezi tangu enzi za waandishi Elvis Musiba na Ben Mtobwa, na magazeti ya udaku yaliwalea wengine kwa hadithi za wiki hadi wiki kabla ya simu kuchukua nafasi. Kinachokosekana sokoni ni hadithi zilizomalizwa vizuri. Maliza moja.

Filamu inaingiwa kwa filamu fupi. Dakika kumi za Rehema na kijana yule, kibanda kimoja, waigizaji wawili. Ikishikika, ipeleke ZIFF kule Zanzibar na matamasha mengine, na uwe nayo kwenye simu siku unapokutana na prodyuza. Watakaokusaidia kuipiga picha mara nyingi ni vijana waliotoka Idara ya Sanaa Bunifu ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam au TaSUBa, chuo cha sanaa cha Bagamoyo, nao wanatafuta skripti kama wewe unavyotafuta kamera.

Tamthilia haiingiwi kwa kupeleka msimu mzima. Hakuna mwenye muda wa kuusoma. Peleka ukurasa mmoja wa msimu, ukurasa mmoja wa wahusika, na episodi ya kwanza iliyopangwa kitaalamu. Programu kama Celtx na WriterDuet zinakupangia kurasa, na skripti iliyopangwa ovyo inawekwa pembeni kabla ya kusomwa. Kisha omba nafasi ndogo: kuandika mazungumzo, au ile kazi ya kutunza kumbukumbu. Ni nafasi isiyo na sifa, lakini anayeishika anajua hadithi yote, na mwandishi akiugua, yeye ndiye anayeitwa.

Kwa hali yako

Kama una familia inayokutegemea na unaweza kuandika ukiwa umechoka, katikati ya kelele, pamoja na wengine, anza kugonga milango ya tamthilia. Omba kujua kabla ya kusaini kama msimu umeshalipiwa na chaneli au bado unatafutiwa mnunuzi.

Kama una kazi nyingine inayokulisha na hadithi moja isiyokupa usingizi, ambayo ukiiwaza unaiona kwa macho kabla ya kuisikia, andika filamu. Una muda, na muda ndio mtaji wa filamu. Usiache kazi hiyo kwa ahadi ya prodyuza.

Kama huna mtu unayemfahamu katika tasnia, huna kamera, na nguvu yako iko kwenye sauti ya msimuliaji, anza na riwaya. Wasomaji elfu wanaolipa kidogo watakupa hoja nzito utakapokwenda kuzungumza habari za picha, kwa sababu utakuja na hadithi iliyokwisha kupimwa.

Kama unakaa mbali na katikati ya Dar, Mbagala ya mbali au hata Kibaha, na nauli ya kwenda vikaoni kila siku inakushinda, riwaya na filamu fupi zinakufaa kuliko chumba cha waandishi wa tamthilia, isipokuwa kampuni ikubali ufanye kazi kwa mtandao. Baadhi hukubali, uliza.

Kama tayari uko kwenye tamthilia na umechoka kuandika wahusika wa watu wengine, usiache kwanza. Soma mkataba wako uone kama unakukataza kuandika kazi yako binafsi. Kama haukukatazi, tenga asubuhi ya siku moja kwa wiki kwa hadithi ambayo hutaionyesha kampuni, na uiandike mpaka mwisho kabla ya kuamua kama itakuwa filamu au kitabu.

Na kama umeshachapisha riwaya yenye wafuasi na prodyuza amekupigia simu anataka kuinunua yote leo, mwombe akutumie mkataba kwa maandishi, umpelekee wakili au mwandishi mwenzako aliyewahi kusaini, na umjibu baada ya wiki moja.